Kupinga zabuni ya umma: Siku 14 zinazoamua haki ya mwanakandarasi na ya mlipa ushuru

Barua ya kumjulisha mfanyabiashara kwamba ameshindwa katika zabuni ya serikali huwa fupi. Aghalabu ni ukurasa mmoja wenye nembo ya idara, nambari ya zabuni, jina la aliyeshinda na sababu ya wengine kuachwa. Wengi huisoma mara moja, wakasonya, kisha wakaitia katika droo.

Kumbe jambo lenye uzito zaidi katika barua hiyo ni tarehe. Tangu siku mwombaji anapojulishwa, sheria ya Kenya humpa siku 14 pekee kupinga uamuzi huo. Zikipita, hata awe na ushahidi wa kujaza gunia, atakuta mlango umefungwa.

Suala hili lina uzito wa kipekee Nakuru na maeneo ya kati ya Bonde la Ufa. Huku ndiko kuliko na mvuke wa Olkaria na Menengai, ndiko reli ya SGR ilikoingia mwaka 2019, na ndiko inakopita barabara kuu ya kuelekea magharibi mwa nchi. Serikali ya kaunti, hospitali, shule, Chuo Kikuu cha Egerton kule Njoro na mashirika ya kawi yote hununua bidhaa na huduma kwa pesa za umma.

Nyuma ya kila mradi wa aina hiyo kuna zabuni, au kuna mkataba uliojadiliwa bila zabuni. Na nyuma ya baadhi yake kuna kesi. Makala haya yanaeleza jinsi zabuni inavyopingwa, nani ana haki ya kuipinga, na kwa nini katika kesi hizi saa huwa na nguvu kuliko hoja.

Msingi wa haki yenyewe

Kifungu cha 227 cha Katiba ya mwaka 2010 kinaiagiza kila taasisi ya umma inunue bidhaa na huduma kwa mfumo ulio na haki, usawa, uwazi, ushindani na unaozingatia gharama. Maneno hayo matano ndiyo kipimo ambacho kila zabuni nchini hupimwa nacho mahakamani.

Nchi haikufika hapo kwa siku moja. Kwa miaka mingi baada ya uhuru, ununuzi wa serikali uliongozwa na nyaraka na miongozo ya Wizara ya Fedha, na aliyeonewa hakuwa na pa kulia. Kanuni za mwaka 2001 ndizo zilizounda kwa mara ya kwanza bodi ya kusikiza malalamiko ya wazabuni.

Kashfa ya Anglo Leasing, iliyofichuka mwaka 2004, iliwaonyesha Wakenya hasara ya mikataba inayofungwa gizani. Sheria ya ununuzi wa umma ikapitishwa mwaka 2005 na kuanza kutumika Januari 1, 2007. Ilipokuja Katiba mpya, Bunge lilitunga sheria nyingine, ile ya Ununuzi wa Umma na Uuzaji wa Mali ya mwaka 2015, iliyoanza kutumika Januari 7, 2016. Kanuni zake zilitolewa mwaka 2020.

Baada ya ugatuzi wa mwaka 2013, sheria hizi ziliwakaribia wananchi zaidi. Zabuni ya kukarabati barabara ya mashambani Bahati au Subukia haiamuliwi tena Nairobi bali katika kaunti yenyewe. Sheria inataka pia angalau asilimia 30 ya zabuni zitengewe vijana, wanawake na watu wenye ulemavu, na kaunti zitenge sehemu isiyopungua asilimia 20 kwa wakazi wake.

Makosa yanayozua malalamiko

Malalamiko mengi hayahusu hongo, kwani hongo ni vigumu kuithibitisha katika muda wa siku 14. Mengi huhusu utaratibu, na utaratibu huacha alama katika karatasi.

Kuna masharti yanayoandikwa kwa namna ambayo ni kampuni moja tu inayoweza kuyatimiza. Kuna tathmini inayotumia vigezo ambavyo havikuwa katika stakabadhi za zabuni. Kuna pia waombaji wawili wenye kosa lilelile, mmoja akaondolewa na mwingine akapitishwa.

Bei nayo huzua ubishi. Sheria ya 2015 inasema bei iliyosomwa hadharani siku ya kufungua zabuni ndiyo ya mwisho, wala haiwezi kurekebishwa baadaye. Hivyo basi, iwapo kampuni ilisomewa Sh10 milioni mbele ya watu kisha ikapewa mkataba wa Sh12 milioni, walioshindwa wana hoja nzito mkononi.

Si kila kosa linatosha, hata hivyo. Sheria inatofautisha dosari ndogo isiyobadilisha kiini cha zabuni na kukiuka sharti la lazima. Asiyeambatanisha dhamana ya zabuni au cheti cha ushuru kutoka KRA, ilhali stakabadhi ziliyataka hayo waziwazi, hawezi kudai ameonewa. Hata kuweka nambari katika kurasa zote ni sharti ambalo sheria inataka liwemo katika stakabadhi za zabuni, na wapo walioangushwa na jambo hilo dogo.

Bodi na saa yake

Malalamiko ya mzabuni hayaanzii mahakamani. Hupelekwa kwa bodi maalum ya kukagua utoaji wa zabuni za umma, ijulikanayo kwa kifupi kama PPARB, yenye makao yake Nairobi. Tangu janga la Korona la mwaka 2020, Bodi imekuwa ikitumia mno hoja za maandishi na vikao vya mtandaoni, jambo lililompunguzia mwanakandarasi wa Nakuru safari ya kilomita 160 kwenda jiji kuu.

Mara ombi linapowasilishwa na taasisi husika kujulishwa, shughuli za zabuni husimama. Hiyo ndiyo nguvu kubwa ya ombi hili: mlalamishi hahitaji kuomba amri ya kusimamisha, kwa kuwa sheria yenyewe husimamisha.

Ili nguvu hiyo isiwe bure, sheria inakataza mkataba kutiwa saini kabla ya siku 14 kupita tangu waombaji kujulishwa matokeo. Hizo siku 14 za kungoja na zile 14 za kulalamika ni pande mbili za sarafu moja. Anayelala zinapokwisha huamka na kukuta mkataba umetiwa saini kihalali, na hapo Bodi haina tena mamlaka ya kumsikiza. Chelewa chelewa, wahenga walisema, utamkuta mwana si wako.

Bodi nayo imewekewa saa. Ni lazima iamue katika siku 21, tofauti na siku 30 zilizokuwepo chini ya sheria ya 2005. Inaweza kufuta uamuzi wa taasisi, kuamuru tathmini irudiwe, kutoa uamuzi wake badala ya ule wa taasisi, au kuagiza mchakato mzima uanze upya. Inaweza pia kumtoza gharama aliyeshindwa.

Yapo mambo matatu ambayo Bodi haiyagusi. Mosi, njia ya ununuzi iliyochaguliwa na taasisi. Pili, kufutwa kwa zabuni kulikofuata sheria. Tatu, mkataba uliokwisha kutiwa saini ipasavyo. Hata hivyo, Bodi huwa na nafasi ya kuchunguza iwapo zabuni ilifutwa kihalali kabla ya kunawa mikono.

Jambo jingine ambalo limewaponza wengi ni kudhani kwamba kila anayelalamika atasikizwa. Sheria humtaka mlalamishi awe alishiriki au alikusudia kushiriki katika zabuni, na aonyeshe kwamba amepata hasara au yumo hatarini kuipata kwa sababu sheria ilikiukwa. Mwaka 2019, Mahakama ya Rufaa iliamua kwamba asiyedai hasara hiyo katika ombi lake hana msingi wa kusimama mbele ya Bodi.

Kutoka Bodi hadi mahakamani

Asiyeridhika na uamuzi wa Bodi ana siku 14 za kuiomba Mahakama Kuu iukague. Mahakama Kuu ina siku 45 za kutoa hukumu. Anayetaka kwenda Mahakama ya Rufaa ana siku saba, na mahakama hiyo nayo ina siku 45.

Muda huo haukuwekwa kwa mapambo. Mwaka 2021, katika kesi ya Aprim Consultants dhidi ya Tume ya Huduma za Bunge, Mahakama ya Rufaa ilisema kwamba hukumu ya Mahakama Kuu iliyotolewa baada ya siku 45 haikuwa na nguvu yoyote. Majaji wakichelewa, uamuzi wa Bodi ndio unaosimama.

Maana yake kwa mwanakandarasi ni kwamba Bodi ndiyo uwanja wake mkuu. Tangu kesi ya kampuni ya Kenya Pipeline na Hyosung Ebara mwaka 2012, Mahakama ya Rufaa imeshikilia kwamba Bodi ni chombo cha wataalamu kilicho na ujuzi wa mambo ya zabuni kuliko majaji. Mahakama huangalia iwapo Bodi ilifuata sheria. Haikai chini kuhesabu upya alama za kila mzabuni.

Anayepeleka hoja nusu kwa Bodi akitumaini kuzikamilisha mbele ya jaji, basi, hujenga nyumba juu ya mchanga.

Mlango wa raia

Je, raia wa kawaida ambaye hakuomba zabuni yoyote, lakini ndiye atakayelipa deni, anaweza kufanya nini? Bodi si mahali pake. Lakini vifungu vya 22 na 258 vya Katiba vinampa kila mtu haki ya kwenda Mahakama Kuu kutetea Katiba ikiwa imevunjwa au iko katika hatari ya kuvunjwa. Mlango huo ni mpana, ila hauna saa kama ule wa Bodi. Kesi mbili zinazogusa Bonde la Ufa zinaonyesha faida na hasara yake.

Ya kwanza ni ile ya reli ya kisasa, SGR. Mwanaharakati Okiya Omtatah, ambaye baadaye alichaguliwa kuwa Seneta wa Busia, pamoja na Chama cha Wanasheria nchini (LSK), walipinga jinsi kampuni ya China Road and Bridge Corporation ilivyopewa kazi ya kujenga reli ya Mombasa hadi Nairobi bila ushindani. Mahakama Kuu ilitupilia mbali kesi hiyo mwaka 2014.

Juni 2020, Mahakama ya Rufaa ilisema kwamba shirika la reli lilikiuka Katiba na sheria ya ununuzi. Juni 2023, Mahakama ya Juu ikageuza uamuzi huo, ikishikilia kwamba sheria ya 2005 iliruhusu utaratibu tofauti pale mradi unapotokana na makubaliano ya mkopo na serikali ya kigeni.

Tazama tarehe hizo. Treni ya abiria ilianza safari kati ya Mombasa na Nairobi mwaka 2017, na ile ya kuelekea Naivasha ilizinduliwa Oktoba 2019. Hukumu ya kwanza ya kuikemea serikali ilipotolewa, reli ilikuwa imekwisha kupita Mai Mahiu. Hata kama Mahakama ya Juu ingesema vingine, hakuna ambaye angeng'oa vyuma.

Kesi ya pili ilienda tofauti. Oktoba 11, 2024, kampuni ya serikali ya laini kuu za umeme, KETRACO, ilitia saini mkataba wa miaka 30 na kampuni ya Adani Energy Solutions ya India, wa thamani ya dola milioni 736 za Marekani. Laini zilizokusudiwa zilihusu moja kwa moja eneo hili: ya kutoka Gilgil kupitia Thika na Malaa hadi Konza, ya Rongai, Keringet na Chemosit, na ya kutoka Menengai hadi Rumuruti kupitia Ol Kalou.

Mkataba huo ulikuwa wa ushirikiano wa serikali na mwekezaji wa kibinafsi, ambao una sheria yake ya mwaka 2021, na ulitokana na pendekezo la mwekezaji mwenyewe. LSK ilikimbilia Mahakama Kuu ikilalamika kwamba umma haukushirikishwa na kwamba mambo yalifanywa kwa usiri. Oktoba 25, wiki mbili tu baada ya saini, mahakama iliusimamisha mkataba huo hadi kesi isikizwe.

Kusikizwa kwenyewe hakukufika mwisho. Novemba 21, 2024, akilihutubia Bunge, Rais William Ruto alitangaza kwamba serikali imeufuta mkataba huo pamoja na mpango wa kampuni hiyohiyo wa kuendesha uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta. Siku moja kabla yake, mwenyekiti wa kundi la Adani alikuwa amefunguliwa mashtaka ya ulaghai nchini Marekani, madai ambayo kundi hilo lilikanusha.

Si mahakama iliyoufuta mkataba wa umeme. Lakini amri ya kusimamisha ndiyo iliyohakikisha kwamba, Rais alipobadili msimamo, hapakuwa na minara iliyosimikwa Gilgil wala Rongai ya kulipiwa fidia. Katika kesi ya SGR raia alipewa hukumu bila muda. Katika kesi ya Adani alipata muda kabla ya hukumu, na muda ukamtosha.

Gharama ya kupinga na ya kunyamaza

Maafisa wa ununuzi hulalamika, na si bila sababu, kwamba kesi za zabuni huchelewesha huduma. Zabuni ya dawa za hospitali inaposimama kwa siku 21, kisha ikaingia mahakamani, anayeumia ni mgonjwa. Wapo pia wazabuni wanaopinga kila wanaposhindwa, si kwa haki bali kwa kukomoa. Kwa hao, Bodi ina uwezo wa kutupa ombi lisilo na maana na kuwatoza gharama.

Kwa upande wa pili, mfanyabiashara mdogo huyapima mambo kivyake. Zabuni yenyewe huenda ni ya kuleta viti au kufyeka nyasi, na faida yake haitoshi kumlipa wakili. Wengine huhofia kwamba wakishtaki idara leo, kesho watafungiwa milango yote. Hivyo barua hurudi katika droo, na kosa lililofanywa mwaka huu hurudiwa mwaka ujao.

Hata hivyo, hatua ya zabuni ndiyo mahali nafuu zaidi pa kuuliza maswali magumu. Wakazi wa Kuresoi wanalijua hilo. Bwawa la Itare, lililotarajiwa kupeleka maji Molo, Njoro, Rongai na mjini Nakuru, lilikwama mwaka 2018 baada ya mwanakandarasi wake, kampuni ya Italia CMC di Ravenna, kukumbwa na matatizo ya kifedha na kutafuta ulinzi wa mahakama dhidi ya wadai wake.

Sheria inairuhusu kamati ya tathmini kumchunguza mshindi kabla ya kumkabidhi kazi, na humfungia nje mzabuni aliyefilisika. Uchunguzi kama huo hauwezi kutabiri kila balaa. Lakini swali kuhusu uwezo wa kampuni linaloulizwa siku ya tathmini huhitaji faili tu. Likiulizwa baada ya tingatinga kuingia msituni, huhitaji miaka.

Ya kuzingatia

Kwa mwombaji wa zabuni, hatua za kujilinda huanza kabla ya matokeo. Hudhuria ufunguzi, kwani sheria inakupa haki ya kuwepo, na uandike bei zinaposomwa. Stakabadhi za zabuni zikiwa na sharti la upendeleo, usingoje ushindwe. Siku 14 zaweza kuanza kuhesabiwa tangu ulipolijua kosa hilo, wala si tangu upokee barua ya mwisho.

Ukipokea barua ya kushindwa, hifadhi bahasha yake au baruapepe yenyewe ili tarehe isibishaniwe. Angalia kama sababu imetolewa waziwazi, maana taasisi inalazimika kuitaja. Omba kwa maandishi muhtasari wa tathmini. Kumbuka kwamba Jumamosi na Jumapili zimo katika hesabu ya siku 14, na kwamba kuandikia taasisi barua ya malalamiko hakusimamishi saa. Kinachohesabiwa ni ombi lililowasilishwa kwa Bodi na kulipiwa ada.

Kwa raia, Kifungu cha 35 cha Katiba kinatoa haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali. Nakala ya mkataba inayoombwa mapema ina thamani kuliko maandamano yanayofanywa baadaye.

Majirani zetu nao wanajua uzito wa mambo haya. Tanzania ina Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma, na Uganda ina baraza lake la rufaa za ununuzi. Lengo ni moja kote: mzozo usikizwe na uamuliwe kabla ya pesa kutoka.

Mwaka 2025, Hazina Kuu ilipotaka zabuni zote zipitie mfumo wa kielektroniki, magavana walipinga na suala hilo likaishia mahakamani. Mfumo wa aina hiyo unaweza kuonyesha saa na dakika ambayo kila mzabuni alijulishwa matokeo. Hautaweza kumwamshia mzabuni usingizini. Tarehe iliyo juu ya barua itabaki kuwa jambo la kwanza la kusoma, na siku ya 15 itabaki kuwa siku ya majuto.